Polisi walipokuja kulinda kokoto za baba

Jumatatu, saa moja kasorobo asubuhi, tipa nne zilikuwa zimejipanga nyuma ya gogo la mwarobaini lililolazwa katikati ya njia ya kijiji. Mbele ya gogo ilitandikwa mikeka mitatu. Juu ya mikeka walikaa kina mama kama kumi na watano, wengine na watoto mgongoni, mmoja akichambua mchicha kama yuko barazani kwake. Hakuna aliyeshika panga wala jiwe. Dereva wa tipa ya kwanza alipiga honi mara mbili, akaona haya, akazima injini.

Kijiji hicho kiko katika Halmashauri ya Chalinze, mkoani Pwani, upande wa Lugoba, ambako miamba hupasuliwa na kusagwa kuwa kokoto zinazokwenda kujenga Dar es Salaam. Mwenye machimbo ni baba wa watoto watatu. Si tajiri kama wanavyodhani watu wanaoona tipa zikipita, kwa kuwa mbili kati ya hizo nne ni za kukodi na mashine ya kusagia mawe aliinunua kwa mkopo wa benki. Ana wafanyakazi ishirini na wawili wanaolipwa kila Jumamosi.

Alirudi nyumbani saa tatu, akalitupa faili lake la bluu juu ya meza ya chakula na kuanza kutoa karatasi moja baada ya nyingine mbele ya mkewe. Leseni ya uchimbaji mdogo, ile ambayo wachimbaji huiita PML, ya miaka saba, bado hai. Kibali cha baruti. Cheti cha fundi wa kulipua. Risiti za mrabaha na za ushuru wa halmashauri. Mpango wa kutunza mazingira.

"Nimekosa nini hapa, mama watoto? Niambie, nimekosa nini?"

Mkewe hakujibu. Alikuwa akimtazama binti yao wa darasa la sita, ambaye alibaki nyumbani siku ile kwa sababu ya homa, amesimama mlangoni na kikombe cha uji.

Wazazi wengi hujidanganya kwamba mambo ya kazi ni ya watu wazima, na kwamba mtoto akiambiwa "nenda kacheze nje" basi hajasikia. Mtoto wa kijijini husikia kila kitu, na asichosikia nyumbani hukisikia kisimani. Binti huyo alijua kabla ya mama yake kwamba miongoni mwa waliokaa kwenye mkeka wa mbele alikuwamo bibi wa rafiki yake, wale wawili waliokaa dawati moja tangu chekechea. Bibi huyo ndiye aliyemlea mdogo wao kwa miezi miwili pale mama yao alipofanyiwa upasuaji Muhimbili. Mtoto yule, sasa ana miaka minne, hajui bibi mwingine.

Jumanne mtendaji wa kijiji aliwaita watu, wakazungumza hadi jua likawa utosini bila kuelewana. Malalamiko yalikuwa matatu: vumbi, nyufa za nyumba, na baruti zinazolia bila watu kuambiwa. Baba alijibu yote kwa kusoma leseni yake kwa sauti. Hilo lilikuwa kosa, ingawa wakati ule liliyaonekana kwake kuwa ndilo jibu lenyewe. Kumsomea leseni mtu aliyekuja kuzungumzia ukuta wake ni kama kumwonyesha mgonjwa risiti ya dawa.

Jumatano akaandika barua kwa mkuu wa polisi wa wilaya kuomba ulinzi, akaambatanisha nakala za karatasi zote. Haki ya kuomba alikuwa nayo. Sheria ya Jeshi la Polisi inawapa polisi kazi ya kulinda amani na mali za watu, na njia ya kijiji si mali ya mtu mmoja wala ya kikundi kuifunga. Mwananchi mwenye kinyongo na mchimbaji ana mahali pa kukipeleka: kwa uongozi wa kijiji, kwenye mabaraza ya ardhi, au kwa Tume ya Madini, ambayo sheria inaipa uwezo wa kusikiliza ugomvi kati ya mwenye leseni na watu wengine. Anaweza pia kukusanyika na kupiga kelele kwa amani, na hilo halina ubaya. Gogo barabarani ni jambo jingine.

Alhamisi asubuhi gari la polisi likaja na askari sita. Ofisa wao, mtu mzima mwenye mvi, aliomba faili, akalisoma lote akiwa ameegemea boneti. Halafu akawaendea kina mama, akawaamkia wakubwa shikamoo, akachuchumaa mkekani. Walizungumza kama nusu saa. Mwisho kina mama walisimama wenyewe, wakakunja mikeka, na askari wakalisukuma gogo pembeni. Hakuna aliyeguswa, na haki yake apewe ofisa huyo, kwa kuwa si kila mahali mambo kama hayo huisha bila mtu kuumia.

Kabla tipa hazijapita alimwita baba kando. "Mzee, sisi tunafungua barabara na kuhakikisha hakuna anayeumizwa. Nani mwenye haki na mwamba, hilo si letu. Hilo mlimalize ninyi."

Baba aliitikia kwa kichwa. Alichosikia yeye ni kwamba barabara imefunguliwa.

Kwa siku nane za kazi askari wawili wawili walikuwa wakishinda pale njia panda, na tipa zikipita. Tangu gogo lilipowekwa hakukuwa na baruti iliyopigwa. Zilizokuwa zikisombwa ni kokoto zilizokwisha kusagwa. Mama, kwa ukarimu tu, alipika chakula cha mchana siku ya kwanza. Askari walikuwa mbali na kituo chao, jua ni kali, na kwao mgeni halali njaa. Wali, maharage, na kachumbari kidogo. Sufuria mbili zikabebwa na kijana kwa baiskeli, zikapita mbele ya nyumba zote za kijiji hadi njia panda.

Kufikia jioni kijiji kizima kilikuwa na habari moja, kwamba polisi wamenunuliwa na wanalishwa na tajiri.

Alipoambiwa hivyo gengeni, mama alishikwa na aibu ambayo hakuitegemea. Kupika kwake kulikuwa kwa nia njema, na bado watu hawakuwa na sababu ya kujua nia yake. Walichoona ni sufuria. Anayelindwa na dola hana budi kuwa mwangalifu kuliko yule asiyelindwa, hata kwenye sahani ya wali. Hakupika tena. Askari wakala kwa mama lishe, kwa fedha zao.

Kilichomuumiza zaidi kilitoka shuleni. Ijumaa binti alirudi na begi lake limejaa mchanga. Hakusema nani aliutia. Jumatatu akasema dawati lake sasa anakaa peke yake. Jumanne hakutaka kupanda pikapu ya baba, akaenda kwa miguu kilomita mbili.

"Kwani wewe umefanya nini?" baba aliuliza, hasira zikiwa zimeelekea kwa watoto wa watu. "Waambie baba yako ana leseni."

"Niliwaambia."

"Wakasemaje?"

"Wakasema hata polisi wana leseni ya bunduki."

Kaka yake, wa kidato cha nne, alikuwa amekuja nyumbani kwa mapumziko mafupi. Kijana mpole, asiye na maneno mengi, na wazazi walidhani hana habari na yanayoendelea. Jumamosi usiku dada yake alimweleza jambo ambalo rafiki yake alimwambia kabla hawajaacha kuzungumza: "Baba yako amevuka." Kuvuka nini, binti hakujua. Kaka yake alijua, au alikisia. Siku ya barua alilisoma lile faili la bluu, mama akidhani anatafuta kalamu.

Jumapili, mashine zikiwa kimya na askari wamepumzika, wale watoto wawili walichukua kamba. Kijana aliifunga mafundo kila baada ya mita moja hadi mita kumi, kama alivyofundishwa kwenye somo la Jiografia upimaji wa mnyororo. Walianza ukingo wa shimo, wakaenda hadi ukuta wa nyumba ya bibi. Kamba kumi na saba na mita tatu.

Sheria ya Madini ya mwaka 2010 inasema mwenye leseni hawezi kutumia haki yake ndani ya mita 200 kutoka nyumba inayokaliwa bila ridhaa ya maandishi ya anayeikalia ardhi hiyo kihalali. Kwa shamba lililolimwa ni mita 50. Watu wengi wanaopata leseni hawaufikii ukurasa huo, au wanaufikia na kuupita haraka. Leseni ya madini humpa mtu haki ya kilicho chini. Haimpi ardhi iliyo juu, wala usingizi wa anayelala juu yake. Baba alipoanza, miaka minne nyuma, shimo lilikuwa mbali kabisa na nyumba ya bibi. Mwamba mzuri ndio uliomvuta, kidogo kidogo, upande ule.

Watoto walikwenda kwa mama kwanza. Walimkuta akikunja nguo.

"Mmemwambia nani mwingine?"

"Hatujamwambia mtu."

Hapo ndipo ilipokuwa mizani yenyewe ya nyumba ile. Wiki ile kwa mara ya kwanza mambo yalikuwa yanakwenda. Wafanyakazi ishirini na wawili walikuwa wamelipwa. Rejesho la benki lilikuwa tarehe 28. Polisi walikuwa upande wao, karatasi upande wao, na mita zile ishirini na saba zilizopungua hakuna mkubwa aliyezipima. Mama angeweza kuwaambia wanawe wanyamaze, nao wangenyamaza, kwa sababu walikuwa watoto watiifu. Na wangejifunza kutoka kwake, siku ile, bila hata maneno, kwamba ukweli hupimwa kwanza kama una faida.

Alisubiri mumewe amalize kula. Kisha akamwambia, na kumwonyesha kamba.

Baba alikwenda chumbani akarudi na karatasi. "Ridhaa ninayo. Hii hapa. Saini na shahidi."

Mama aliisoma. Saini ilikuwa ya mtoto wa kiume wa bibi, anayeishi Dar es Salaam, Mbagala, na ambaye kijijini huonekana Krismasi na msibani.

"Na mama mwenyewe?"

"Huyu ndiye mkubwa wa ile familia. Mzee alipofariki yeye ndiye aliyeshika nafasi."

"Sawa, baba watoto. Anayelala kwenye ile nyumba ni nani?"

Hakujibu. Alitoka nje akaketi ndani ya pikapu, taa zimezimwa, hadi saa saba usiku. Wanaume wengi wana mahali kama hapo. Mwenye busara hamfuati huko, na mama hakumfuata.

Haikuwa kwamba alidanganya. Alilipa fedha, akapewa saini, akaamini kwamba jambo limekwisha, kwa sababu alitaka liwe limekwisha. Ofisa wa polisi alikuwa ameiona karatasi ile na hakuiuliza. Haikuwa kazi yake kujua nani analala wapi. Kwa macho ya sheria inayolinda barabara, baba alikuwa na haki tupu. Ni mkewe tu aliyemuuliza swali ambalo askari sita hawakuwa na sababu ya kuuliza.

Jumatatu tipa zilipita kama kawaida. Jumanne jioni, baada ya kazi, alimwomba askari aliyekuwa zamu asimfuate, akaenda kwa bibi kwa miguu. Alikuwa amechukua daftari lake la baruti, lile ambalo kila mlipuko huandikwa tarehe, saa na kiasi.

Bibi alimkaribisha kigoda. Hakumpa maji, mama aliposimuliwa baadaye, hilo ndilo alilouliza la kwanza, na hilo ndilo lililomchoma.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Leo umekuja bila bunduki."

Halafu akamwingiza chumbani kwake. Ufa ulianzia pembe ya dirisha ukateremka hadi karibu na kitanda. Kando yake, kwa mkaa, bibi alikuwa amepiga mistari mifupi, mmoja kwa kila mlipuko tangu shimo lilipogeukia upande wake. Kila mstari ulikuwa pale ufa ulipoishia siku hiyo. Bibi hajui kusoma. Baba alihesabu mistari: thelathini na mmoja. Akafungua daftari, akahesabu milipuko ya upande ule: thelathini na nne.

"Imepungua mitatu," alisema, kama mtu aliyeona tundu la kutokea.

"Ile wiki nilikuwa Mbagala kwa mwanangu," bibi alisema. "Aliponiambia kwamba ameshanikubalia."

Walikaa kimya. Nje mjukuu alikuwa akiosha vyombo polepole mno kwa vyombo vichache vile.

"Mwanangu," bibi alisema mwishowe, "mimi sikusema usichimbe. Mume wangu naye alivunja mawe kwa nyundo, tukala. Nilichokataa ni kusimamishiwa polisi nikiambiwa nimekubali, na mdomo wangu sijaufungua."

Alhamisi kulikuwa na kikao kingine, safari hii chini ya mwembe wa ofisi ya kijiji, na ofisa kutoka ofisi ya madini ya mkoa alikuwapo. Baba hakusoma leseni. Alianza kwa kusema mita mia moja sabini na tatu, na kwamba waliozipima ni wanawe. Watu waliguna. Baadhi walidhani ni mtego.

Yaliyokubaliwa yaliandikwa kwenye kitabu cha mtendaji. Ukingo wa upande wa bibi ufungwe, uchimbaji uelekee kaskazini. Baruti ziwe Jumanne na Ijumaa tu, saa nne asubuhi, king'ora kilie mara tatu kabla, na shule iarifiwe siku moja nyuma. Boza la maji limwagilie njia asubuhi na mchana wakati wa kiangazi. Vumbi la mawe haya si la kuchafua nguo peke yake. Likivutwa kwa miaka hukaa kwenye mapafu na haliondoki, na hilo linawahusu pia wale wafanyakazi ishirini na wawili, ambao hakuna aliyewataja hadi bibi alipowataja. Nyufa za nyumba saba zikaguliwe na fundi atakayechaguliwa na pande zote mbili. Mwana wa Mbagala arudishe fedha au azipeleke kwenye ukuta wa mama yake; aliahidi kwa simu, spika ikiwa wazi, mbele ya watu.

Si wote walioridhika. Vijana wawili walisema wazee wameuza kesi kwa boza la maji. Mama mmoja mwenye shamba karibu na njia alitaka fidia ya mihogo yake, akaambiwa aandike barua, akasema hajui kuandika, na kikao kikafungwa kabla jambo lake halijaisha. Ijumaa askari waliondoka. Ofisa mwenye mvi alipita kuaga, akanywa maji, akakataa soda.

Nyumbani hesabu zilikuwa nzito. Mwamba uliofungwa ndio uliokuwa mzuri zaidi. Baba alikwenda benki kuomba muda wa mkopo uongezwe, akaongezewa kwa riba. Tipa moja ya kukodi ikarudishwa na wafanyakazi watano wakasimamishwa, akiwamo mjomba wa binti, ambaye hadi leo akija haingii sebuleni. Usiku mmoja, wakipiga hesabu za ada ya kijana, baba alisema bila hasira, "Ningeweza kuendelea, unajua. Polisi walikuwapo." Mama akasema anajua, akaendelea kuandika namba.

Kwa wiki mbili binti alikaa dawatini peke yake. Mama alitaka kwenda kuzungumza na mwalimu, akajizuia; alitaka kwenda kwa bibi, akaenda, wakazungumza mambo ya mvua na ya mtoto mdogo, basi. Safari hiyo maji alipewa.

Ijumaa ya kwanza ya baruti chini ya utaratibu mpya, walimu waliwatoa wanafunzi wote uwanjani. King'ora kikalia mara ya kwanza, mara ya pili, mara ya tatu. Watoto wadogo waliziba masikio. Binti alikuwa amesimama karibu na mlingoti wa bendera, mikono nyuma, akitazama upande wa kaskazini. Mlio ukaja, mbali kuliko zamani, na vumbi likanyanyuka nyuma ya miti.

Rafiki yake alikuwa amesogea hadi kando yake.

"Bibi anasema hii ni ya thelathini na mbili."

"Daftari la baba linasema thelathini na tano," binti alijibu.

Mwalimu wa zamu akapiga filimbi, wakarudi darasani.